Mchana Ule Anga Lilipofunguka

Mpendwa baba,

Leo Mpanda imefunikwa tena. Mawingu yamekaa chini, vilima vya upande wa Mwese havionekani kabisa. Nimesimama mlangoni nikajikuta naligawa anga vipande vinane kama ulivyonifundisha, na vyote vinane vimejaa. Ukiishi na mpima hali ya hewa, ugonjwa wake unakuambukiza.

Unakumbuka mama alivyokutania? Asubuhi kule kiwanja cha ndege ulikuwa unaachia lile puto jekundu, unalifuata kwa macho huku saa iko mkononi, mpaka wingu lilimeze. Muda liliotumia kupanda ndio uliokuambia wingu liko juu kiasi gani. Ukirudi nyumbani unamkuta mama uani na mpunga wake, anataka kujua aanike au asianike. Mama akianika, mtaa mzima unaanika. Alikuwa akiwaambia majirani kwamba mumewe ana ubia na mawingu, na wewe unajifanya hujasikia. Siku zile nilikuona mkubwa kuliko mkuu wa wilaya.

Halafu ikaja masika ile. Mimba ya mama ikaharibika, damu ikawa haikatiki, daktari akasema hapa hawawezi, lazima afike Tabora. Reli ilikuwa imekatwa na maji. Ikabaki ndege ndogo ya wagonjwa. Rubani alipoita kwenye simu ya upepo kuuliza mawingu, ulikwenda kupima na puto likamezwa hata hujahema vizuri. Ukamwambia ukweli, kwamba ndege haiwezi kutua. Akauliza la pili: je, mchana kutafunguka? Ulitazama juu kwa muda mrefu, ukamwambia hapana, mpaka kesho. Basi akaenda kumchukua mgonjwa mwingine, mbali.

Saa tisa kukafunguka. Jua lilipiga mabati ya wodi mpaka tukafumba macho. Mama aligeuza uso dirishani, akasema taratibu, "Waambie majirani waanike." Wewe ulikuwa tayari unakimbilia kiwanjani, lakini rubani alikuwa ameshatua huko alikokwenda, na asingeweza kufika kwetu kabla ya giza. Jioni mawingu yakarudi palepale. Kulipokucha hatukuwa na mama.

Bibi mzaa mama alikusubiri mpaka matanga yaishe. Akasimama nyuma ya mlango, kwa heshima ya mkwe, akasema, "Baba, mngesema tu hamjui, mngepungukiwa nini?"

Tangu siku ile hukutabiri tena nyumbani. Watu wa Katumba walikuja kukuuliza habari ya tumbaku yao, ukawaambia hujui. Mimi nikikuuliza kama nivae sweta, hujui. Kazini ulipima kama kawaida, ukaandika unachokiona, basi. Mpunga wetu tuliuanika kwa kubahatisha kama watu wengine, na mara nyingi uliloa. Nilikuchukia, baba. Nasema wazi kwa sababu ulijua.

Mwaka ule ulipolala kitandani, kifua kimekubana, ulinishika mkono ukaniuliza, "Mwanangu, ingekuwa wewe, ungemwambia rubani nini?" Nikatoka nje kama mtu aliyeitwa. Wiki ile ile tukakuzika.

Watu wananiambia muda unaponya. Kwangu haujaponya kitu. Kila masika naamka na hofu, nakaa kutazama juu, namtafutia mama tundu la kupita ndege, na mama hayupo. Nimejaribu kukulaumu wewe, nimejaribu kumlaumu rubani, hata Mungu sikumwacha. Hakuna lawama iliyokubali kukaa.

Siku zote nilidhani jibu langu lingekuumiza, ndiyo maana nilikukimbia. Sasa nimelitazama anga hili miaka mingi, nimelijua, na mchana ule nimeurudia kichwani mara nisizoweza kuzihesabu. Lala, baba. Ningemwambia hivyo hivyo ulivyomwambia wewe, na mama angekufa vile vile.

Binti yako wa kwanza