Mama, Uvimbe Ule Haukuwa Jicho la Mtu

Mama yangu uliyelala,

Leo nilipokuwa nikioga nilikukumbuka mpaka nikakaa chini bafuni.

Nilikuwa darasa la saba, nawe ukimnyonyesha Otieno, kitinda mimba wetu. Uliniita nyuma ya nyumba, ukaushika mkono wangu ukauweka kwenye titi la kushoto. "Nyathina, mwanangu, guza hapa. Iko kitu, lakini haiumi." Nikagusa. Kilikuwa kigumu kama njugu mawe chini ya ngozi.

Kwa kuwa hakikuuma, tuliona si ugonjwa. Ugonjwa tulioujua sisi ni malaria, ule wa kukutetemesha hadi meno yagongane. Kitu kisichouma lazima kiwe kimeletwa na mtu. Ukakumbuka Nyar Awasi, jirani yako wa meza pale soko la Otonglo, alivyokutazama ukinyonyesha akasema, "Yawa, Mama Otieno, hii maziwa yako ni mingi!" Basi, mambo yakaishia hapo. Ilikuwa sihoho, jicho la mtu, na mwenye jicho tukampata.

Yule mganga wa Luanda Kotieno alikuchanja kwa wembe, akafyonza, akatema kipande cha nyama kiganjani. "Ona chakula yenye aliingiza ndani yako." Ulirudi nyumbani ukicheka njia nzima, nami nikafurahi nawe. Mungu anisamehe, yule mganga namchukia hadi leo.

Uvimbe ukabaki. Nyar Awasi ukaacha kumsalimia. Ngozi ya titi ilipoanza kubonyea na mkono kuvimba, ukazidi kujifunika leso, hata mbele yangu. Daktari alipoifunua mwishowe aliuliza, "Mama, ulikuwa wapi siku hizi zote?" Ukaivuta leso ukajifunika tena. Siku ya mazishi yako Nyar Awasi alisimama langoni akilia, na hakuna aliyemwambia karibu. Mama, hakukufanya lolote yule. Alikusifu tu.

Sasa mimi pia ni mama. Kwenye kliniki ya watoto nesi alitufundisha kujipapasa hedhi ikishaisha, polepole, titi lote hadi kwapani. Wanawake wakacheka. "Chekeni tu," akasema, "na kila mtu hapa anajua sufuria yake imetoboka wapi! Jua yako vile iko, ndio ikibadilika ujue." Nikajifunza yangu. La kushoto ni kubwa kuliko la kulia tangu usichana wangu. Kuna vinundu vinavyokuja kabla ya hedhi na kuondoka vyenyewe. Hiyo ndiyo kawaida yangu, na inaniuma kwamba yako hakuna aliyewahi kukufundisha.

Leo nimekuta kingine, karibu na kwapa. Hedhi imekwisha na hakijaondoka. Huenda ni kitu kidogo, nesi alisema vingi huwa hivyo. Lakini hiki sikijui.

Nilimwonyesha mama mkwe. Akanishika bega, kwa huruma kabisa, akauliza nani alinitazama kanisani Jumapili.

Nimemwomba anishikie mtoto kesho asubuhi, naenda hospitali. Naogopa, mama. Lakini aliyenitazama sitaki kumjua. Nataka kujua ni nini.

Pumzika, mama.

Binti yako mkubwa