Sauti Kamili ya Baba

Jumatano, 5 Juni

Baba ametukalisha tena sebuleni. Simu zimezimwa, feni imezimwa — kutoka jasho ruksa, kupumua kwa adabu. Roki ya zamani, albamu nzima, "sauti kamili", yaani faili ambazo hazikupunguzwa hata punje. "Umesikia?" akaninong'oneza. "Mpiga gitaa kavuta pumzi!" Nikaitikia kwa kichwa. Ukweli? Nilisikia tumbo la Mama. Naye Mama akasema kelele ni kelele tu, hata ikiwa kamili. Akafukuzwa ibadani. Alitoka anatabasamu, mjanja yule.

Ijumaa, 7 Juni

Balaa! Nimefungua faili za Baba kwenye programu inayochora sauti. Mchoro wa sauti kamili hupanda mpaka juu. Zetu zimekatwa utosi, sawasawa, kama kwa rula. Nikamuuliza, kwa upole, alizipata wapi. Akavimba kwa fahari. Zilikuwa MP3 zake za zamani, vifaili vidogo vilivyokwisha kupunguzwa, akazigeuza mwenyewe, moja moja. "Sasa kila moja imekuwa kubwa mara tano!"

Jamani. Kamimina nusu glasi ya maji kwenye pipa, halafu anashangilia pipa.

Nilitaka kusema. Mdomo ukagoma, kama kawaida yake. Tangu kiwanda cha mabati alikofanya kazi kifungwe, sijamwona akifurahia kitu namna hii.

Jumamosi, 8 Juni

Baba kamwalika Baba Mkubwa kesho! Kaka yake, mdomo hauna breki, miaka yote anamwita Baba "msikilizaji wa redio ya kinyozi". Atakuja na albamu ileile, sauti kamili ya kweli, ya kununua. Wimbo mmoja, faili mbili, tusijue ipi ya nani. Hakimu? Mimi. Baba kasema nina masikio mabichi.

Mimi, ambaye hata "present" darasani naitika kwa mkono!

Jumapili, 9 Juni

Naandika nikiwa chooni. Nimejifungia.

Mama ndiye aliyezibonyeza faili. Sisi tulifungwa vitambaa machoni — Baba Mkubwa alifanana na mateka mnene. Mara ya kwanza, matoazi yalilia kama mtu anakaanga vitunguu. Mara ya pili... yakameta, yakafifia polepole, nywele zikanisimama. Kumbe ipo kweli! Na najua ya pili ni ya nani. Nikaomba ruhusa ya choo kabla sijaulizwa.

Baba Mkubwa anapaza sauti huko: "Hakimu! Umezama? Tuite wazamiaji?"

Mlango unabishwa, kwa kidole kimoja. Ni Baba.

"Mwanangu," ananong'ona, "usimwambie kaka yangu. Mimi zote mbili nimezisikia sawa. Sawa kabisa. Eti, na wewe?"

Nimevuta maji. Nimeyavuta tena. Ndala zake naziona chini ya mlango. Hazisogei.