Meja Japheth Ogoti wa Kiogoro, na neno lililochelewa kufika Ekerenyo

Tata, baba yetu, mwaka mzima umetimia tangu tukulaze upande wa kulia wa nyumba yako hapa Kiogoro, na mpaka leo hakuna aliyethubutu kukalia kile kiti chako kinachotazama mlango. Wajukuu wanakizunguka tu. Hata paka amehamia jikoni.

Anayeandika ni mimi, Bochaberi, kifungua mimba wako, kwa niaba ya nyumba nzima. Mdogo wangu Jethro ameyasoma haya na kuniambia nifute mistari miwili. Sikufuta. Wewe mwenyewe ulisema kichwa changu ni kigumu kama chako, basi vumilia.

Wasomaji watashangaa kwamba tangazo hili la gazeti halina picha. Jameni, tungeitoa wapi? Miaka themanini na moja, na kila harusi, kila ubatizo, mpiga picha akitokea wewe umeshakwenda kuangalia ng'ombe. Tumepata moja tu, ya harusi ya Jethro, na ndani yake inaonekana kofia na nusu ya sikio. Mama anasema sikio hilo ni lako. Ndugu yako Thadeus anasema si lako, ni la mzee mmoja wa kanisa. Wameshindana wiki nzima na tukaamua kuiacha.

Lakini mikono yako tunaikumbuka sana. Tunakukumbuka umekaa kwenye kigoda, mwanajeshi mzima, unachambua chinsaga pamoja na Mama, na majirani wakipita hujifichi. Wanaume wenzako walicheka. Ulikuwa ukiwajibu kwamba mboga haiulizi cheo. Ulitufunga kamba za viatu hadi tukafika darasa la nne. Mtoto akiugua, wewe ndiye uliyekesha, Mama akalala.

Kazi yako hatukuijua. Shuleni tukiulizwa tulijibu "askari", basi. Ulipostaafu ndipo tukaanza kusikia vipande vipande, tena kwa midomo ya watu, sokoni, kanisani, kwenye foleni ya kupima majani chai. Kwamba hukuwa askari wa bunduki, ulikuwa wa kusikiliza. Kwamba miaka ile ya themanini gari lako likipita, watu walishusha sauti. Wengine walikuita mlinzi wa nchi. Wengine walikuita jina ambalo Mama amekataa lisiandikwe hapa.

Mwaka jana, siku za matanga, alikuja mzee kutoka Suneka amebeba jogoo. Alilia kuliko sisi. Alisema mwaka wa themanini na saba ulimtoa seli kwa kumvuta shati, ukamsukuma ndani ya lori la kabichi, ukamwambia asionekane Suneka mpaka mvua iishe. "Huyu ndiye aliyenizaa mara ya pili," alisema. Tulijivuna, Tata. Mimi nilijivuna mno.

Sasa sikia. Watu wa Ekerenyo wanasema wiki hiyohiyo, mwaka huohuo, gari lililomchukua Mwalimu Okemwa Anyona kutoka shuleni, chaki bado mkononi, wewe ulikuwa umekaa kiti cha mbele. Mwalimu hajaonekana tena. Haki, tushike lipi? Mkono uliovuta shati la huyu na mkono uliomchukua yule ni mkono mmoja, ule wa chinsaga.

Siku ya mazishi yako mkewe alikuja. Gladys Kwamboka, mama mfupi mwenye leso ya kijani, alitembea kutoka nyuma ya hema mpaka mbele akaomba kipaza sauti, na kijana wa mitambo akampa. Alisema, "Mimi ni mke wa Mwalimu Okemwa. Sikuja kwa ubaya. Nina swali moja tu kwa watu wa nyumba hii." Hapo sauti ikakatika. Umati ukasema ni jenereta. Kwaya ikaimba, jeneza likabebwa, tukakuzika.

Haikuwa jenereta. Mimi ndiye niliyechomoa waya. Hata Mama hakujua mpaka mwezi uliopita.

Na kwa nini nilichomoa? Kwa sababu swali la huyo mama nilikuwa nalijua, na jibu nilikuwa nalo kifuani tangu siku mbili kabla hujafariki. Ulikuwa hospitalini mjini Kisii, saa nane mchana, nakunywesha uji wa wimbi. Ulishika kijiko ukasema wazi kabisa, "Bochaberi, mwambie yule mama wa Ekerenyo azike." Nikauliza, "Azike nini, Tata?" Ulifuta mdomo ukaniuliza kama ng'ombe wamepewa maji.

Kwa wasiojua desturi yetu: mtu akipotea asipatikane, watu wake hukata mgomba, huuvika nguo zake, huuweka kwenye jeneza na kuuzika mahali pake. Mpaka hilo lifanyike, mke hajui kama ni mke au ni mjane. Mama Gladys alikuwa ameshachimbiwa kaburi la mumewe mwaka wa tisini na moja, mgomba umeshachaguliwa, ndipo wewe ukamkuta nje ya kanisa ukamwambia, "Usizike. Ngoja." Akawafukuza wachimbaji. Shimo likafukiwa tupu. Akangoja, Tata. Alingoja mpaka watoto wake wakazaa watoto.

Basi uliposema azike, ulikuwa unajua tangu lini? Nikilipeleka neno lako, nimekiri kwamba ulijua. Nisipolipeleka, nimemwacha mwanamke mwenzangu akiangalia barabara. Nikachagua jina lako. Niliogopa, sina maneno mengine ya kusema. Mwaka mzima nimekuwa nikienda kanisani na neno lako mdomoni.

Fundi Ogari ndiye aliyenitoa mafichoni bila kujua. Alikuja kujengea kaburi lako na kuweka jiwe la kumbukumbu, akauliza, "Niandike nini chini ya jina?" Jethro akasema "Mtumishi mwaminifu wa nchi". Thadeus akasema andika "Baba mwema". Mama akasema andika tarehe, basi. Walibishana mpaka saruji ikaanza kukauka kwenye karai. Nikajikuta nalia, nikayatoa yote: waya, uji, neno lako. Mama alichukua kisu akaenda kukata nyasi za ng'ombe, na nyasi zilikuwepo tele.

Jumapili iliyofuata nikaenda Ekerenyo. Mama Gladys alinipa kiti na chai kabla ya kuuliza lolote. Nikamwambia.

"Alisema lini?"

"Mwaka jana, Mama. Siku mbili kabla."

"Na wewe mwanangu, mwaka mzima ulikuwa wapi?"

Akanijazia kikombe, akasema, "Siku ile nilikuona ukichomoa waya. Nilidhani utakuja kesho yake."

Halafu akaniambia jambo ambalo bado linanizungusha kichwa. Miaka ishirini, Tata, kila Jumapili ulipotoka nyumbani ukisema unakwenda kumwona mtu, na Mama akidhani una mwanamke, ulikuwa Ekerenyo kwenye shamba la chai la Mama Gladys. Unapalilia, unapogoa, unachuma, unambebea majani mpaka kwenye mizani. Hukuingia nyumbani mwake hata mara moja. Nikamuuliza ilikuwaje akakuruhusu. "Nilijua anajua," alisema. "Nikasema acha achume, siku moja atachoka kunyamaza. Mara nyingine nilimchukia sana. Mara nyingine mvua ikinyesha nilimpa gunia ajifunike."

Jethro anasema ulimwambia angoje kwa sababu ulitumaini mwalimu yuko hai mahali. Thadeus anasema uliogopa matanga yangekusanya watu, na watu wangeuliza maswali. Mama anasema, "Hamumjui nyinyi," na yeye mwenyewe hamjui. Mimi nakuwaza umeinama kwenye chai ya mtu uliyemwachia shimo tupu, na sijui kama huo ulikuwa wema au adhabu uliyojipa, au ulikuwa unamchunga asiseme. Nakupenda na nakukasirikia kwa pumzi moja.

Nilimwomba Mama Gladys msamaha. Alisema atafikiria, lakini kwanza anataka kitu kimoja: "Mlininyamazisha mbele ya watu. Basi nisemeeni mbele ya watu." Ndiyo sababu maneno haya yako gazetini wala si kwenye barua. Nasema, kila mtu asome: Meja Ogoti aliacha neno kwamba Gladys Kwamboka azike, na binti yake alilificha.

Mwalimu Okemwa Anyona atazikwa nyumbani kwake Ekerenyo Jumapili hii. Mgomba utakatwa hapa Kiogoro, shambani mwako, nyuma ya zizi. Mama Gladys alikuja mwenyewe kuuchagua. Alizunguka shamba zima na Mama, wawili peke yao, na waliporudi walikuwa wameshikana mikono. Jethro ndiye atakayeubeba, amejitolea mwenyewe. Jiwe lako tumemwambia fundi alilaze uso chini hadi mazishi hayo yapite, halafu tutaona kama tuna la kuandika.

Anayejua mwili wa mwalimu uliko, tafadhali, aje nyumbani kwetu au kwake. Hataulizwa alijuaje.

Wanaokukumbuka ni mkeo Rael. Watoto wako Bochaberi na Jethro. Ndugu yako Thadeus. Wajukuu zako tisa. Yule mzee wa Suneka, aliyeomba asitajwe jina. Na Gladys Kwamboka wa Ekerenyo. Huyu wa mwisho alituagiza tumwandike pamoja na sisi. Tulipomuuliza kwa nini, alisema, "Andikeni tu."

Hatutakusahau, Tata, hata tungetaka.