Ukuta wa Ghorofa ya Nne

Kaka,

Simu zangu hupokei, basi pokea barua. Nimekuja kupima sakafu za hoteli hii niziwekee vigae, kazi niliyoipata bila kubebwa na mtu. Mgeni ni mimi peke yangu, lakini kila asubuhi mezani kwangu kuna vikombe viwili.

"Kaka yako ameshakunywa, dada," mhudumu akaniambia leo. "Mcheshi huyo!"

Wewe na ucheshi wapi na wapi? Ila kila jioni ukuta wangu hugongwa mara tatu, kama tulivyokuwa tukigongeana utotoni. Nimeupima. Nyuma yake hakuna chumba, ni hewa tupu ya ghorofa ya nne.

Ulisema nitaishia kuongea na kuta. Jana niligonga nami.

Ukiwa nyumbani, nijibu upesi. Ukiwa hapa, ingia tu, mlango sijaufunga.

Dada yako