Mpiga Fidla Aliyepewa Fimbo

Tarehe 4 Machi

Baba mpendwa,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute mzima, na huo mgongo uwe umekuonea huruma. Mimi mwili mzima, roho ndiyo iko juu juu.

Mwongozaji wetu wa okestra ameugua, ofisi imenipa mimi fimbo yake ya kuongozea. Mimi, Baba! Miaka kumi na miwili nimekaa kiti cha tatu nikipiga fidla, leo nasimama mbele ya watu sabini. Baada ya onyesho watapiga kura. Wakinikubali, kazi ni yangu moja kwa moja, ila fidla ndiyo basi.

Zoezi la jana lilikuwa aibu tupu. Tulianza mbio, tukamaliza tunakokota miguu. Dada niliyekaa naye kiti cha jirani miaka yote akaninong'oneza, "Mwenzangu, mbona unatungoja sisi, na sisi tunakungoja wewe?"

Fidla ya kwanza uliniundia wewe, kwa mbao za masanduku ya kazini. Niambie ukweli, utaumia nikiiacha?

Binti yako, Kifungua Mimba

Tarehe 9 Machi

Kifungua mimba wangu,

Marahaba. Mgongo hauna huruma, lakini tumeshazoeana. Shangazi yako anakusalimu, anauliza kama unakula.

La fidla niachie kwanza. Hilo la kukokota miguu nalijua. Miaka thelathini na moja nimesimama chini ya kreni nikimwashiria dereva kwa mikono, maana kule juu hanisikii hata nipige mayowe. Siku za mwanzo nilingoja mzigo uende ndipo niashirie. Msimamizi akanifokea mbele ya watu: "Wewe bwege, mzigo haujui uendako! Anayejua ni mkono wako!"

Usiwafuate, tangulia. Na kabla ya kutangulia, tulia, uwatazame machoni mpaka ujue wamekuona.

Baba yako

Tarehe 15 Machi

Baba yangu,

Shikamoo, tena shikamoo mara mia. Mgongo vipi?

Kumbe nilikuwa nasikiliza kama mpiga fidla! Kule kwenye viti unamsikia jirani, unakwenda naye. Basi na mimi nimesimama pale mbele nangoja nisikie ndipo nisogeze mkono. Leo nimeinua mikono nikatulia. Hakuna aliyekohoa. Kisha nikatangulia.

Mungu wangu, Baba! Sauti ilipanda kutoka sakafuni, ikanipita magotini, ikanijaa kifuani. Watu sabini, na mimi sijagusa hata uzi mmoja! Nilishuka jukwaani, nikakaa ngazini peke yangu nikilia kama mtoto.

Onyesho ni Jumapili, saa tisa alasiri, na redio italirusha. Tafadhali sikiliza. Na lile swali langu bado hujalijibu.

Mwanao

Tarehe 24 Machi

Baba,

Shikamoo. U mzima kweli? Umenyamaza mno.

Wamenikubali, sitini na sita kati ya sabini. Nimeomba siku kumi za kufikiri. Kama umekasirika kwa ajili ya fidla, niandikie neno moja tu, nitarudi kwenye kiti changu na sitanung'unika.

Mwanao

Tarehe 29 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Mimi mzima, nisamehe. Barua hii nimeichana mara tatu.

Redio sikusikiliza. Nilikuja. Nilipanda basi asubuhi, nikakata tiketi ya vile viti vya nyuma ya okestra, vinavyokutazama wewe usoni.

Mwanangu, masikio yangu yamekwisha. Kreni zimeyala. Huu mwaka wa sita siisikii fidla. Kanda unazonituma naziweka, naziangalia zikizunguka, halafu nakuandikia "safi sana". Nilikudanganya. Niliogopa utakufa moyo ukijua huku hakuna anayesikia.

Basi nikakaa pale. Ukainua mikono, na haki ya Mungu, niliona watu sabini wameshika pumzi. Ukafungua kiganja cha kushoto polepole, kama mtu anayeshusha kioo kikubwa, nikajua hapa wanapiga kwa upole. Ukakunja ngumi, pinde zote zikaruka, nami kifua kikanipiga mpaka nikashika kiti cha mbele. Mama mmoja kando yangu alinipa leso yake. Maisha yangu yote nimetazama mikono ya watu kazini, na sijapata kuona kitu kama kile. Nilijiuliza, huyu kweli nimemzaa mimi?

Sikuja kukusalimia. Niliogopa utanisemesha mbele ya wenzako nami nisikusikie.

Iache fidla, mama. Ishike hiyo fimbo, leo hii uwajibu. Jumapili nilikusikia, mwanzo mpaka mwisho.

Baba yako