Doa la Nyuma ya Kioo

Baba mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima, na kwamba kifua kimepoa tangu uhamie kwa Baba Mkubwa kumsaidia dukani. Sisi huku hatujambo. Mama mzima, Dada naye mzima na mdomo wake mzima zaidi.

Kabla ya habari nyingine, nikwambie jambo ambalo sijawahi kumwambia mtu. Mimi huongea na vioo vyako. Tangu darasa la tano, kila ulipotoka karakanani niliingia, nikasimama mbele ya kioo chochote kilichokuwepo, nikajifunza kusema. Shuleni nikiulizwa swali ulimi hugeuka jiwe, lakini mbele ya vioo vyako nilikuwa mhubiri. Wewe uliyenibandika jina la Konokono hukujua kwamba konokono huyo alikuwa na ukumbi wake.

Sasa habari. Mwalimu wetu wa dini aliniazima kitabu kilichotoka jalada, kinachoeleza jinsi watu wa kale walivyofikiri kuhusu nafsi ya mtu na Mungu. Nimekisoma mara tatu. Mna wanafalsafa humo waliosema vyote vimetoka kwa Mmoja, kama mwanga utokavyo kwenye jua bila jua kupungua. Nafsi ya mtu nayo imetoka huko, ila imeinama mno kutazama vya chini hata imesahau kwao. Dawa yake, walisema, si kuongezewa kitu. Ni kuondolewa: tamaa, kelele, majivuno, mpaka kibaki kile kilichokuwepo tangu mwanzo. Nilipofika hapo nilicheka peke yangu, Baba, maana hayo ni maneno yako. Wateja wakikuuliza utakipaka nini kioo chao kirudi kung'aa, si huwa unawajibu kwamba kazi yako ni kutoa, na kutia ni dakika kumi tu za mwisho?

Basi shule ikaandaa siku ya mashindano ya hotuba, wazazi wakaalikwa, na mwalimu akaandika jina langu bila kuniuliza. Nilimfuata ofisini kumwomba alifute. Akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema kwamba kwa mtu asiyeweza kuongea nimejitetea vizuri sana, niende nikajiandae. Dada aliposikia akaniahidi kwamba nikizimia jukwaani, yeye atawaambia watu hanijui.

Siku yenyewe, Ijumaa, ukumbi ulijaa. Nikafumba macho, nikawaza niko karakanani, nikaanza kwa kusema mimi ni mtoto wa fundi wa vioo. Baba, sijui nguvu ilitoka wapi, lakini baada ya sentensi hiyo sikuogopa tena. Niliwaeleza jinsi unavyokivua kioo cha zamani rangi ya mgongoni, kisha fedha iliyochakaa, ule utando wa madini unaorudisha sura, mpaka kinabaki kitupu kama dirisha. Nikawaeleza jinsi unavyokimwagia maji na kuinama kutazama: maji yakitanda kama shuka moja, kioo ni safi; yakikatika mahali, pana mafuta, unaanza upya. Nikasema wanafalsafa wale walitaka nafsi iwe hivyo, isikate maji. Halafu nikawaeleza kwamba Wakristo wa mwanzo waliwasoma watu hao na kukubali mengi, ila walikataa jambo moja. Nafsi si kipande cha Mungu, imeumbwa naye. Kioo hakina mwanga wake. Zima taa, uone kama kioo na bati si ndugu.

Nilipomaliza, wazazi waliruhusiwa swali moja. Unajua aliyesimama? Yule mama mshonaji wa nguo za maharusi, ambaye mwanawe wa mwisho yuko kidato cha kwanza. Akasema hotuba ni tamu, lakini yeye ana kioo kirefu ambacho baba wa msemaji alikitia fedha upya, nacho kina doa kifuani. Amelipangusa miezi minne halitoki, na kila bi harusi anadhani gauni limeingia mafuta. Sasa nafsi yenye doa la namna hiyo itajipangusaje? Ukumbi mzima ulicheka. Mama aliinamisha kichwa.

Nikamjibu kwamba doa hilo haliko mbele, liko nyuma, kati ya kioo na fedha. Hata likipanguswa miaka mia kwa mbele litakuwa linang'arishwa tu. Na kioo hakiwezi kujigeuza chenyewe na kujikwangua mgongo. Lazima fundi aje, akigeuze, aondoe yote na kuanza upya. Hilo ndilo Wakristo wale waliwaambia wanafalsafa: tunakubali kwamba nafsi isafishwe, lakini yapo madoa ambayo haiyafikii, ndiyo maana Mungu hakungoja ipande kwake, akashuka mwenyewe. Mshonaji akawa wa kwanza kupiga makofi. Nilipewa nafasi ya kwanza, Baba. Mwalimu mkuu alinishika mkono akasema ufundi wa baba yangu umemfundisha theolojia. Mama alilia, na Dada akawatangazia watu wote kwamba ananijua tangu nimezaliwa.

Hapa ndipo ningependa kuishia, lakini siwezi.

Siku ile ya kioo cha mshonaji, ulikimwagia maji yakatanda vizuri, ukaenda nyumbani kula kwanza. Mimi nilikuwa nimetoka shule na shairi la kukariri. Nikasimama mbele ya kioo hicho nikaanza. Kwenye ubeti wa tatu nikanyoosha mkono kama wasemaji wanavyofanya, na kidole kikagusa upande uliosafishwa kutiwa fedha. Nikapangusa haraka kwa shati la shule, nikatazama, sikuona kitu, nikatoka. Wewe ukarudi, ukaamini maji uliyoyaona, ukatia fedha. Ulipokigeuza, doa likawepo. Mshonaji alipokutania kwamba siku hizi unatia sahihi kazi zako, ulicheka naye, lakini nilikuona jioni ukiitazama mikono yako kwa muda mrefu. Ukasema kila fundi ana siku ambayo mikono humwambia imetosha. Ukafunga karakana, ukaondoka. Hukuniuliza hata mara moja, na nadhani ni kwa sababu haikukupitia akilini kwamba mwanao angegusa kioo kisafi.

Mama ameniambia umekubali kumuuzia karakana yule seremala, na kwamba atakuja kuchukua funguo mwisho wa mwezi. Baba, mikono yako haina kosa. Kidole kilikuwa changu. Nimekaa na jambo hili miezi minne nikijipangusa kwa mbele: nimefagia karakana, nimepika, nimepata alama nzuri, nimeshinda hotuba. Halikutoka. Nisamehe.

Jumamosi asubuhi nilikwenda kwa mshonaji nikamweleza yote, mlangoni kwake, mbele ya wateja wawili. Aliniangalia, kisha akanivuta mkono hadi kwenye kioo na kuweka kidole changu juu ya doa. Akasema kumbe sahihi ilikuwa ya mwanafunzi, na akaniuliza fundi anarudi lini. Nikamwambia sijui, namwandikia barua. Akasema kichukue, lakini asikitie fedha mtu mwingine. Mimi na Dada tukakifunga kwa mablanketi, tukakisukuma kwa mkokoteni hadi karakanani, Dada akiwafokea wenye baiskeli njia nzima. Mchana nilimwambia Mama. Aliosha sahani mbili zilizokuwa tayari safi, kisha akaenda kumwambia seremala angoje jibu lako.

Mama anakusalimu, anasema koti zito lisikae sandukuni wakati unakohoa. Dada anakusalimu, anataka malipo ya mkokoteni. Mwalimu wa dini, ambaye hamjawahi kuonana, naye anakusalimu. Mfikishie Baba Mkubwa na wote wa nyumba yake shikamoo yangu.

Mimi mwanao anayejivunia mikono yako,
Konokono

Nimeacha nafasi hii ili nikwambie nilichofanya baada ya kutia sahihi. Nilivaa glavu, nikakivua kioo rangi ya mgongoni kama nilivyokuona ukifanya, polepole, kutoka juu kwenda chini. Fedha sikuigusa, hiyo ni kazi yako. Nikakiegemeza ukutani, nikakifunika shuka, nikafunga mlango, na funguo nimezitia ndani ya bahasha hii.