Shabaha ya Mwisho

Jumapili, baada ya isha

Basi, mbio zimekwisha. Msimu mzima wa zile mbio za theluji, za kuteleza na bunduki mgongoni kisha kusimama kupiga shabaha, nimeutazama kwenye runinga bila mume wangu Seif. Mwaka jana tulikuwa wawili kwenye mkeka huu.

Marehemu alizipenda kwa sababu ya kuamia ndege. Utotoni, kijijini Ngorongo, alishinda dunguni, juu ya jukwaa la miti, akilinda mpunga. Ndege wakitua upande wa pili anakimbia, anasimama, anangoja moyo utulie, ndipo anarusha jiwe kwa kombeo. "Ukiwa unahema, hata tembo humpati," aliniambia. Kila mkimbiaji akilenga, mume wangu naye alibana pumzi, kisha akanong'ona, "Achia."

Leo mkimbiaji mmoja, binti wa suti nyekundu, alibakiza shabaha moja. Wifi Mwajuma alikuwa kando yangu anapeta mchele, kutwa kuniuliza hao watu hawana kazi za kufanya? Amenichosha. Nikabana pumzi.

"Achia," nikasema.

Ungo wa wifi ukatulia. "Umesema kama kaka."

Kama binti alipata au alikosa, hakuna kati yetu aliyeona.